Sikio Kabla ya Jicho: Namna ya Kuwatambua Wanyama na Ndege wa Misitu ya Tanzania

Anayetaka kuwajua ndege na wanyama wa nchi hii kwa kawaida huanza kwa kutafuta darubini na kitabu cha picha. Kisha huingia msituni, huona kitu cha kijani kikipita juu ya mti, hufungua kitabu na kukuta ndege wa kijani kumi na wawili wanaofanana kama mapacha, na jioni hurudi nyumbani akiamini kwamba kazi hii ni ya wataalamu. Kosa si lake. Ameshauriwa kuanza na chombo ambacho kilipaswa kuja mwisho. Katika nchi yenye aina zaidi ya 1,100 za ndege, na misitu ambayo viumbe wake hawajamalizika kuhesabiwa hadi leo, sura ni shahidi dhaifu akisimama peke yake. Mwongozo huu unakupa mpangilio mwingine: kwanza jua umesimama wapi, kisha sikiliza, kisha uliza wenyeji wanamwitaje, na jicho lije baadaye kuthibitisha au kukanusha. Ukiona mpangilio huu ni wa ajabu, angalia namna baadhi ya wanyama mashuhuri wa Tanzania walivyoingia katika vitabu vya sayansi ndani ya miaka hamsini iliyopita.

Mwaka 1979 Katherine Homewood na Alan Rodgers walikuwa katika msitu wa Mwanihana, upande wa mashariki wa Milima ya Udzungwa, wakiwachunguza mbega wekundu, waliposikia mlio wasioujua. Mwenyeji aliyekuwa akiwaongoza akawatajia jina la mwenye mlio huo: n'golaga. Kumbe watu wa chini ya mlima walimjua siku zote. Vitabu ndivyo vilivyokuwa havimjui. Leo anaitwa mangabei wa Sanje, kwa jina la mahali, na haishi popote pengine duniani ila katika milima hiyo. Zaidi ya miaka ishirini baadaye jambo kama hilo lilitokea Rungwe. Wawindaji wa Kinyakyusa waliwaeleza watafiti habari za kima mwenye kujificha anayeitwa kipunji. Kulikuwa na sababu ya kusita, kwa kuwa katika masimulizi ya huko wanyama wa kweli na wa kufikirika hukaa pamoja, lakini watafiti walifuatilia, na mwaka 2003 wakamkuta. Mwaka uliofuata watafiti wengine, wakifanya kazi yao peke yao, walimkuta huyo huyo katika msitu wa Ndundulu, Udzungwa, takriban kilomita 350 kutoka Rungwe. Alitangazwa rasmi mwaka 2005, katika makala ambayo miongoni mwa waandishi wake ni Watanzania Noah Mpunga na Sophy Machaga. Moja ya mambo yaliyomtenga na jamaa zake mapema ni sauti: hutoa mlio kama honi iliyochanganyika na kubweka, usiofanana na mlio wa mangabei yeyote. Na kwale wa Udzungwa, ambaye jamaa zake wa karibu wako misitu ya Asia, alianza kujulikana kwa watafiti mwaka 1991 kupitia miguu miwili ya ajabu iliyoonekana ndani ya sufuria kambini. Aliyepika alikuwa akimjua ndege huyo kama kitoweo.

Msomaji makini atapinga hapa. Atasema: mbona sange mwenye uso wa kijivu, yule mnyama wa pua ndefu kama mkonga mdogo, alipatikana kwa picha? Ni kweli. Mwaka 2005 kamera iliyotegwa msituni Udzungwa ilimpiga picha sange mkubwa kuliko wenzake wote, mwenye uzito wa gramu 700 hivi, na rangi zake zilitosha kuwashtua wanaowafahamu sange. Jicho lilitangulia, na sioni haja ya kulificha hilo. Lakini fikiria kilichoifikisha kamera pale. Mtu alichagua msitu, akachagua njia inayopitwa na wanyama wadogo, akaifunga kamera chini usawa wa magoti, kwa sababu alijua mahali pale na tabia za wanaopita. Na picha hiyo haikutosha: mwaka 2006 ilibidi watu warudi mlimani, wawakamate wachache, wawapime na kuwalinganisha na aina nyingine, na jina lilitoka mwaka 2008. Picha ilifungua swali, na swali likajibiwa kwa miaka mitatu ya kazi. Hiyo ndiyo nafasi ya picha hata kwako wewe unayeanza na simu mkononi.

Basi tuanze na mahali, maana ndipo palipo na faida kubwa kuliko kote, na watu hupapita haraka. Tao la Mashariki ni mnyororo wa safu 13 za milima ya kale, kuanzia Taita nchini Kenya, kupitia Pare, Usambara, Nguru, Ukaguru, Uluguru na Rubeho, hadi Udzungwa na Mahenge. Mvua yake hutoka Bahari ya Hindi, na kati ya mlima na mlima kuna nyika kavu ambayo chura wa msituni hawezi kuivuka. Kila mlima umekaa kama kisiwa, na viumbe wake wamejibadilikia humo kwa muda mrefu mno. Kwa miaka mingi vinyonga wa milima hii wenye pembe mbili puani walihesabiwa kuwa aina moja. Mwaka 2008 uchunguzi mpya ulionyesha kwamba ni aina kadhaa, na mipaka yao hufuata milima: yule anayeonekana hata kwenye nyua za miti kule Lushoto, Usambara Magharibi, si yule wa Amani, Usambara Mashariki, ingawa ukisimama upande mmoja unaziona kingo za upande wa pili. Ukipewa picha mbili za vinyonga hao bila kuambiwa zilipigwa wapi, unaweza kubishana na mwenzako hadi usiku. Ukiambiwa mahali, ubishi mwingi unakwisha kabla ya kufungua kitabu.

Kwa hiyo kabla hujatoka, tengeneza orodha ya wanaoweza kuwapo pale unapokwenda, na uichuje iwe fupi kadiri unavyoweza. Jiulize ni msitu wa pwani, msitu wa mlimani, miombo, nyika ya mikwaju na migunga, au kinamasi. Jiulize uko mita ngapi juu ya usawa wa bahari. Simu yako itakuambia. Jiulize ni mwezi gani, maana kuanzia Oktoba hadi Aprili nchi hupokea mbayuwayu na ndege wengine wengi wanaokimbia baridi ya Ulaya na Asia, na mwezi wa Julai wengi wao hawapo. Visiwani faida hii huonekana wazi zaidi. Pemba ina ndege wanne wasiopatikana kwingine kokote: ninga wake, chozi wake, bundi wake mdogo, na ndege mdogo wa manjano mwenye duara jeupe kuzunguka jicho. Anayesikia usiku, katika mashamba ya mikarafuu, sauti moja fupi ya bundi mdogo ikirudiwa kwa mapumziko, hana orodha ndefu ya kuchambua. Aliyeko bara chini ya Usambara Mashariki anayo, na ndani yake kuna bundi mwingine mdogo na adimu, ambaye alijulikana kwanza katika msitu wa Arabuko-Sokoke nchini Kenya. Mahali hapakupi jina, ila hukuondolea majina mengi yasiyowezekana.

Sasa sikio. Majina ya Kiswahili yenyewe yanaonyesha kwamba waliotutangulia walianzia hapo. Taja tetere, na tayari umeigiza mlio wake. Dudumizi jina lake lina mdundo wa sauti yake, ile inayoshuka na kububujika kama maji yanayomiminwa kutoka chupa yenye shingo nyembamba, ambayo vijijini wengi huichukua kuwa dalili ya mvua. Ndege mwenyewe ni mkubwa, wa rangi ya kahawia, lakini hujificha vichakani kiasi kwamba wako watu waliomsikia miaka yote ya maisha yao bila kumwona hata mara moja. Katika msitu mnene hali hiyo ndiyo kawaida. Majani hufunika, mwanga hupotosha rangi, viumbe wengi hukaa juu kileleni au hutoka usiku, na kinachokufikia bila kizuizi ni sauti. Tena sauti haiwafikii wanadamu tu: viumbe wenyewe huitumia kutambuana. Chura dume huita jike wa aina yake kwa wimbo wake, na kwa kawaida jike hafuati wimbo wa aina nyingine hata mwimbaji akiwa na rangi na umbo lile lile. Ukijifunza wimbo unatumia alama ambayo viumbe wenyewe wanaitegemea.

Komba ndio ushahidi mzuri kuliko wote. Watu wa pwani wanawajua kwa vilio vyao vya usiku, vinavyofanana na kilio cha mtoto mchanga, na kwa kupenda tembo la mnazi, hadi mlevi wa kupindukia akafananishwa nao. Lakini komba wadogo wa misitu ya pwani, ukiwamulika kwa tochi, ni macho mawili mekundu na mkia unaoruka. Hata ukimshika mmoja mkononi unaweza kukosea. Wataalamu walipoanza kurekodi na kulinganisha milio yao, waligundua kwamba walichodhani ni kundi moja au mawili ni aina kadhaa. Hivyo ndivyo katika miaka ya 1990 alivyotengwa komba wa Rondo, aliyepewa jina la uwanda wa juu wa Rondo mkoani Lindi. Ana uzito wa gramu 60 hivi, miongoni mwa komba wadogo kabisa duniani, na mmoja wa wanyama walio hatarini zaidi katika jamii yake. Baadhi ya misitu michache anamoishi ni Pugu na Kazimzumbwi, pembeni kabisa mwa jiji la Dar es Salaam. Mamilioni ya watu wanalala karibu na mnyama ambaye ulimwengu ulimtambua kwa sikio, na wengi wao hawajui kwamba yupo.

Sikio hufundishwa, na shule yake ni nyumbani. Kwa wiki mbili amka saa kumi na mbili alfajiri, keti nje dakika ishirini, usitazame kitu. Hesabu ni sauti ngapi tofauti unazozisikia, bila kujali majina. Kila moja iandike kwa maneno yako: inapanda au inashuka, ina silabi ngapi, inarudiwa haraka au polepole, ni nyororo au ina mkwaruzo, inatoka chini, katikati au kileleni. Chora mstari unaopanda na kushuka pamoja nayo ikiwa maneno hayatoshi. Siku ya nne au ya tano utaanza kuwatafuta wenye sauti hizo kwa macho, mmoja baada ya mwingine: kunguru, mwewe, shomoro, njiwa, mnana, na shore mwenye kichwa cheusi na manjano chini ya mkia. Usiwadharau kwa kuwa ni wa kila siku. Sauti ngeni haisikiki kuwa ngeni mpaka uwe umezizoea za kawaida. Homewood na Rodgers walishtuka Mwanihana kwa sababu milio mingine ya msitu ule walikuwa wameshaizoea. Utakapofika msituni, nenda mapema, simama dakika kumi kabla ya kutembea, na usiongee. Usiku, saa moja hadi saa tatu, ni zamu ya komba, bundi na perere, ambaye hupandisha kilio chake hadi mgeni adhani kuna mtu anakabwa roho. Vyura watafute mvua za kwanza za vuli na wakati wa masika. Penye tembo au nyati usitembee usiku bila askari wa hifadhi, na hakuna ndege anayestahili kukufanya uvunje sharti hilo.

Rekodi unachosikia. Simu ya kawaida inatosha: ishike bila kuitikisa, rekodi dakika moja au mbili, kisha kabla hujazima taja kwa mdomo wako tarehe, saa, mahali, na umemwona mnyama au hukumwona. Maneno hayo machache yanaokoa rekodi kutoka kuwa kelele isiyo na mwenyewe. Usirudierudie kumchezea ndege mlio wa mwenzake ili atoke mafichoni, hasa wakati wa kutaga. Yeye hudhani kuna mpinzani, huacha kula na kuatamia ili apigane na simu.

Baada ya sikio, uliza. Hapa ndipo pingamizi kubwa lilipo, na lina uzito. Wataalamu wengi husema majina ya wenyeji hayaaminiki: jina moja hubeba aina kumi, na aina moja huwa na majina kumi. Kinyonga ni kinyonga, awe na pembe au asiwe nazo. Anayeitwa ngedere kijiji hiki huitwa tumbili kijiji kile, na kima huweza kuwa yeyote kati ya wanyama watatu. Na ziko habari za kutisha zilizopandikizwa juu ya wanyama wasio na kosa, kama bundi, anayeuawa kwa kulia juu ya paa. Yote hayo nayakubali. Ninachokataa ni hitimisho kwamba basi tusiulize. Jina la mwenyeji ni mlango wa kuingilia, na nyuma ya mlango kuna maarifa ambayo kitabu hakina: anakula nini, anaonekana mwezi gani, analala wapi, analiaje. Mwindaji, mrina asali na mama anayeokota kuni wamekaa msituni saa nyingi kuliko mtafiti yeyote. Neno kipunji lenyewe lilifika hadi katika jina la kisayansi la mnyama yule. Mwaka 2006 kundi zima la vinyonga wa Afrika Mashariki na Kati lilipewa jina Kinyongia kutokana na neno letu. Na chura mmoja wa miti kutoka milima ya Ukaguru, aliyetangazwa mwaka 2002, anaitwa duniani kote Churamiti maridadi, jina ambalo halihitaji kufasiriwa kwa mtoto wa shule ya msingi.

Ubora wa jibu hutegemea ubora wa swali. Ukimwonyesha mzee picha na kumuuliza kama mnyama huyu yupo hapa, adabu itamfanya aseme yupo. Mwamkie, keti, eleza unachotafuta, kisha muombe akutajie wanyama wanaolia usiku na aigize kila mmoja. Maigizo hayo ni hazina. Yarekodi kwa ruhusa yake. Ndipo umuulize tofauti: huyu na yule unawatofautishaje? Anayejua atakutajia alama mbili au tatu mara moja, na mara nyingi hazimo kitabuni. Mtafute mtu wa pili, ikiwezekana wa kazi nyingine, na umuulize vile vile bila kumwambia wa kwanza alisemaje. Majibu yakikubaliana una ushahidi. Yakitofautiana una swali jipya. Anayedhani maarifa haya ni porojo azingatie ndege wa asali, yule anayewaongoza watu hadi kwenye nyuki. Utafiti uliotangazwa mwaka 2023 ulionyesha kwamba ndege hao wa eneo la Wahadzabe, kaskazini mwa Tanzania, walishirikiana na binadamu zaidi ya mara tatu waliposikia mbinja za Kihadzabe kuliko waliposikia mwito wa Wayao wa Msumbiji. Ndege wa kila mahali wanaijua lugha ya watu wa hapo. Itakuwa ajabu ikiwa watu hao hawawajui ndege wao.

Sasa inua darubini. Kwa kuwa orodha yako imeshapungua, jicho lina kazi ndogo na linaweza kuifanya vizuri. Anza na ukubwa, lakini kwa kulinganisha na unaowajua: ni mdogo kuliko shomoro, sawa na shore, mkubwa kuliko njiwa? Kisha umbo: mdomo wa kuvunja mbegu au wa kuchukua wadudu, mkia mrefu au mfupi, mabawa ya ncha au ya mviringo. Kisha mwenendo: anaruka chini, anatambaa kwenye gome, ananing'inia, yuko peke yake au katika kundi la mchanganyiko. Rangi iache mwisho, kwa sababu kivuli cha msitu huigeuza, na dume, jike na kinda huweza kuvaa nguo tatu tofauti. Kwa mnyama anayelala mchana au kujificha, badilisha saa. Vinyonga, ambao mchana unaweza kupita karibu nao mara kumi usiwaone, usiku hulala kwenye ncha za matawi na ngozi yao hupauka; ukipitisha tochi taratibu huonekana kama vijani vyeupe. Watazame hapo hapo walipo, bila kukata tawi wala kulitikisa. Nyoka hawamo katika somo la kukaribia. Nyoka wa kijani wa pwani wasio na sumu hufanana mno na wale wenye kuua, na hakuna alama ya kutegemewa unayoweza kuiona bila kujiweka hatarini. Mpige picha kwa mbali na umwache aende.

Utasikia kwamba hizi zote ni taabu za zamani, kwamba siku hizi unapiga picha na programu ya simu inakupa jina. Programu kama iNaturalist ni chombo kizuri na ninakuhimiza kukitumia, ila ujue kinavyofanya kazi. Mashine hulinganisha picha yako na picha ilizofundishwa, na ilifundishwa zaidi na zile zinazopigwa na watu wengi: ndege wa bustani za Ulaya na Marekani, simba na twiga wa mbuga zenye watalii. Chura wa Ukaguru aliyepigwa picha mara chache katika historia yote hana uzito humo, kwa hiyo mashine huweza kumtafutia anayefanana naye kutoka kwingine na kukupa jina kwa uhakika usiostahili. Kadiri mahali palivyo na viumbe wasiopatikana kwingine, ndivyo inavyokosea zaidi. Ukikubali jina hilo na wengine wakalikubali, kosa huingia katika kumbukumbu na kuonekana ukweli. Njia salama ni kuweka picha, sauti, tarehe na mahali, kulitaja kundi unalolijua kwa hakika, chura au kinyonga, na kuwaachia wanaowajua vyura wa milima ile wamalizie. Hapo simu inakuwa ghala la ushahidi, kazi inayoiweza kuliko kutoa hukumu.

Lipo pingamizi jingine, kwamba kuwatazama ndege ni starehe ya wageni wenye fedha. Darubini ni ghali, ndiyo, na safari ya mbugani pia. Lakini wanyama wakubwa wa mbugani karibu hujitambulisha wenyewe. Penye kazi ya kutambua ni msitu mdogo wa kijiji, kinamasi nyuma ya shule, mikoko, shamba la mikarafuu, na huko anayeishi hapo ana mtaji ambao mgeni hawezi kuununua, yaani kuwapo mwaka mzima. Mgeni huja Agosti kwa siku tatu. Wewe utakuwapo usiku ule wa kwanza wa mvua ambao vyura wote huimba.

Kuna jambo moja ambalo mahali panatudai kama malipo: uangalifu. Katika bonde la Kihansi, mwaka 1996, walipatikana vyura wadogo wa manjano ambao hawatagi, huzaa watoto waliokamilika, nao waliishi katika eneo la hekta chache tu lililoloweshwa na manyunyu ya maporomoko. Bwawa la umeme lilipochukua sehemu kubwa ya maji, manyunyu yalipungua, na ugonjwa wa kuvu unaoshambulia ngozi za vyura nao ukafika. Takriban 500 walikuwa wamepelekwa Marekani mwaka 2000 kufugwa. Mwaka 2009 walitangazwa kuwa wametoweka porini, na mwaka 2012 wazao wa wale waliofugwa walianza kurudishwa Kihansi. Kuvu kama hao hubebwa hata na tope la viatu, kwa hiyo osha na kukausha viatu vyako kabla ya kuhama kutoka kijito kimoja kwenda kingine. Na usitangaze kila kitu. Mjusi wa buluu wa msitu wa Kimboza, Morogoro, anayeishi kwenye mikadi, alivunwa kwa maelfu kwa ajili ya wafugaji wa nje mpaka biashara yake ya kimataifa ikapigwa marufuku. Unapopata kiumbe adimu mwenye sura ya kuvutia, andika mahali kamili kwenye daftari lako na uwape wataalamu, lakini hadharani taja wilaya tu. Usikamate wala usibebe kiumbe. Bila kibali ni kosa la jinai, na huhitaji kufanya hivyo.

Itafika siku utakuwa na sauti usiyoipata popote. Mahali umepajua, orodha umeichuja, wazee wawili wamekutajia jina moja, mashine imekupa majina matatu ya uongo, na jicho halijaona kitu zaidi ya tawi linalotikisika. Usichague jina la karibu ili ukurasa ujae. Andika "sijui", na chini yake jina la wenyeji kama lilivyotamkwa, maelezo ya mlio, mwinuko, aina ya miti, hali ya mwezi na mvua, na namba ya rekodi. Peleka nakala kwa idara ya zuolojia ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, au kwa TAWIRI, Taasisi ya Utafiti wa Wanyamapori Tanzania. Kisha rudi mahali pale pale, saa ile ile, usiku unaofuata, na tena mvua nyingine zikianza, ukiwa na tochi yenye betri mpya, na ikiwezekana pamoja na mmoja wa wale wazee waliokutajia jina.